Uranometria: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu neno la kale la kupima nyota

Maswali haya nimeyakusanya kwa miaka kadhaa hapa Dodoma. Mengine yametoka kwa wanafunzi, mengine kwa wazazi wao, na mengine kwa wapita njia waliotukuta usiku kandokando ya barabara ya Bahi tumenyoosha mikono juu, jicho moja limefumbwa, wakataka kujua tunafanya nini. Jibu langu huwa moja: tunafanya uranometria. Hapo ndipo maswali huanza.

Uranometria maana yake nini?

Ni upimaji wa anga. Neno limeundwa kutokana na maneno mawili ya Kigiriki: *ouranos*, yaani mbingu, na *metron*, yaani kipimo. Ni ndugu wa neno jiometria tunalolijua tangu shuleni, ambalo asili yake ni upimaji wa ardhi.

Kwenye vitabu, hata hivyo, utalikuta katika maana tatu. Kwanza ni kazi yenyewe: kupima nyota iko wapi angani na inang'aa kiasi gani. Pili ni kitabu cha ramani kinachotokana na kazi hiyo. Tatu, na hii ndiyo maana waliyoizoea wanafalaki wa karne ya 19, ni orodha ya nyota zote zinazoonekana kwa macho matupu, kila moja ikiwa na mahali pake na daraja lake la mwangaza. Ukilikuta likiwa na mwaka au jina la mtu kando yake, basi ni kitabu. Likisimama peke yake, mara nyingi ni kazi.

Je, lina uhusiano na madini ya urani yanayotajwa Bahi na Manyoni?

Hili ndilo swali ninaloulizwa kuliko yote, na sishangai. Watu wa Bahi na Manyoni wamesikia habari za utafiti wa urani kwa miaka mingi, na hofu zake wanazijua. Siku moja tulibandika tangazo la usiku wa nyota katika kijiji kimoja upande huo, nikaliandika neno hili kwa herufi kubwa juu kabisa. Kabla ya magharibi akaja mzee mmoja na wajukuu wawili. Akanisalimia vizuri, kisha akauliza kwa upole: "Mwalimu, hivyo vipimo vyenu vitagusa mashamba?" Nikaona kosa langu. Tangu siku hiyo kwenye matangazo naandika "kupima nyota", na neno uranometria nalieleza tukishakaa.

Sasa jibu lenyewe. Uranometria haihusu madini hata kidogo, lakini masikio ya mzee hayakumdanganya, maana maneno haya yana mzizi mmoja. Ramani ya nyota iliyolipa neno umaarufu ilichapwa mwaka 1603. Mwaka 1781 William Herschel, akiwa Uingereza, aliona sayari ambayo haikuwahi kutambuliwa kuwa sayari, na Johann Bode wa Ujerumani akapendekeza iitwe Uranusi, jina la mungu wa mbingu wa Wagiriki. Mwaka 1789 mkemia Martin Klaproth akagundua elementi mpya, akaipa jina kwa heshima ya sayari hiyo iliyokuwa ngeni bado. Ndivyo neno la mbinguni lilivyoingia ardhini. Kwa umri, uranometria ndiyo kaka mkubwa. Urani ni mdogo wake aliyezaliwa miaka 186 baadaye.

Nani alilipa neno hili umaarufu?

Johann Bayer, mwanasheria wa Augsburg, Ujerumani. Nasisitiza, mwanasheria, kwa sababu wapo wanaodhani kazi hii lazima ifanywe na mtu mwenye shahada ya falaki. Kitabu chake kiliitwa *Uranometria*. Kina michoro 51 iliyochongwa kwenye bamba za shaba: michoro 48 ya makundinyota yaliyojulikana tangu enzi za Ptolemaio, mwanafalaki wa kale wa Aleksandria, mmoja wa makundinyota mapya ya kusini, na miwili ya kuonyesha anga lote la kaskazini na la kusini.

Vipimo vingi vya nyota za kaskazini alivitoa kwa Tycho Brahe wa Denmark, aliyepima nyota zipatazo 1,000 bila darubini, akitumia vyombo vikubwa vya kupimia pembe na macho yake. Galileo alielekeza darubini yake angani mwaka 1609, miaka sita baada ya kitabu cha Bayer kutoka. Kwa hiyo kila nukta katika ramani ile ilionwa na jicho tupu.

Mchoro wa kusini ndio unaotugusa sisi zaidi. Makundinyota 12 yaliyomo yalitokana na vipimo vya mabaharia wawili wa Uholanzi, Pieter Keyser na Frederick de Houtman, waliosafiri kwenda visiwa vya viungo vya Indonesia ya leo kuanzia mwaka 1595. Meli zao zilikaa miezi kadhaa Madagaska, na huko walipata nafasi ya kuangalia anga la kusini kwa utulivu. Keyser hakurudi nyumbani. Alifia safarini mwaka 1596. De Houtman alirejea, na mwaka 1603 akachapisha kamusi ya Kimalei na Kimalagasi, na mwishoni mwake akaambatisha orodha ya nyota za kusini. Kamusi na orodha ya nyota katika jalada moja! Miongoni mwa makundinyota hayo wamo Tausi, Kinyonga, Korongo na Samaki Arukaye. Kinyonga tunaye hapa Dodoma, miibani na angani, ingawa yule wa angani ana nyota hafifu na humwoni mpaka utoke mjini.

Kwa nini nyota huitwa Alfa, Beta, Gama?

Hiyo ni kazi ya Bayer. Kabla yake, ukitaka kumwelekeza mtu nyota fulani ulisema "ile iliyo begani mwa Jabari" (kundinyota ambalo Wazungu huliita Orion) au "ile ya kwenye mkia wa Nge." Maelezo yakirefuka, watu wawili walikuwa wakizungumzia nyota mbili tofauti bila kujua. Bayer akazipa nyota za kila kundi herufi za Kigiriki, na zilipokwisha akaendelea na za Kilatini. Mpaka leo mwanafalaki wa Chile na wa Japani wakisema Alfa ya Jabari wanaelewana papo hapo.

Watu hudhani Alfa ndiyo inayong'aa kuliko zote katika kundi, Beta inafuata, na kuendelea. Mara nyingi ni hivyo, lakini si sheria. Bayer aliziweka nyota katika madaraja tu, na ndani ya daraja moja hakujali sana ipi imeizidi nyingine kidogo. Mfano ni Jabari mwenyewe. Alfa yake ni Betelgeuse, ile nyekundu ya begani. Beta ni Rijili, ile nyeupe ya mguuni, na jina lake ni neno la Kiarabu lenye maana ya mguu. Kwa kawaida Rijili ndiyo inayong'aa zaidi.

"Daraja la mwangaza" ndiyo nini? Na kwa nini namba ndogo ni ya nyota kubwa?

Hapa ndipo pagumu, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Wagiriki wa kale waligawa nyota katika madaraja sita. Zile zilizowaka kuliko zote ziliwekwa daraja la kwanza, na zile ambazo jicho linazipata kwa shida zikawekwa daraja la sita. Orodha ya Ptolemaio, ya karne ya 2, ina nyota 1,022 zilizopangwa hivyo. Katika karne ya 10, Abd al-Rahman al-Sufi alizipitia nyota hizo moja moja kwa macho yake na kusahihisha madaraja pale alipoona Ptolemaio amekosea. Kwangu mimi al-Sufi ni mfano bora wa mtu wa uranometria: alikipokea kitabu cha wakubwa kwa heshima, kisha akatoka nje usiku kukihakiki.

Kwa Kilatini daraja liliitwa *magnitudo*, yaani ukubwa, na neno hilo limeleta matatizo katika kila lugha lilikoingia. Ukisema kwa Kiswahili "nyota ya ukubwa wa kwanza", msikilizaji atafikiri unazungumzia unene wa nyota, kumbe unazungumzia jinsi inavyoonekana kung'aa kutoka hapa tulipo. Nyota ndogo iliyo karibu huweza kung'aa kuliko jitu lililo mbali. Ndiyo maana mimi nasema daraja la mwangaza, na nawashauri walimu wenzangu wafanye hivyo.

Namba inashuka kadiri mwangaza unavyopanda, kama nafasi darasani: wa kwanza ndiye bora. Mwaka 1856 Norman Pogson wa Uingereza aliipa ngazi hii hesabu kamili. Nyota ya daraja la kwanza inang'aa mara 100 ya nyota ya daraja la sita, na kila ngazi moja ni takriban mara 2.5. Hesabu ilipokazwa hivyo, baadhi ya nyota zikaonekana zinazidi hata la kwanza, zikapewa sifuri au namba hasi. Sirius, inayong'aa kuliko nyota zote za usiku, ni hasi 1.46. Mwezi mpevu unafika karibu hasi 12.7.

Ukitaka kuliona hili kwa macho, usiku wa mwishoni mwa Mei, kama saa 3 hivi, tazama kusini. Msalaba wa Kusini utakuwa umesimama wima. Nyota ya chini kabisa ni Alfa, daraja 0.8. Ya mkono wa kushoto ni Beta, 1.3. Ya juu ni Gama, 1.6, na ina wekundu fulani. Ya mkono wa kulia ni Delta, 2.8. Kisha kuna kinyota cha tano, Epsiloni, kimejibana kati ya Delta na Alfa. Hicho ni 3.6. Una ngazi nzima mbele yako, na ni mojawapo ya makundi ambayo herufi zimefuata mwangaza bila kukosea. Herufi hizi lakini si za Bayer. Alizipanga Mfaransa Nicolas-Louis de Lacaille, aliyekaa Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1751 na 1752 akipima karibu nyota 10,000 za kusini. Bayer aliuchora Msalaba juu ya miguu ya nyuma ya Kantarusi tu, yaani kundinyota la kiumbe nusu mtu nusu farasi.

Kama Epsiloni huioni, taa za hapo ulipo zimezidi.

Wanasayansi wa leo bado wanalitumia neno hili?

Kwa kazi yenyewe, hapana. Kazi iligawanyika. Upimaji wa mahali pa nyota na mwendo wake sasa unaitwa astrometria, na upimaji wa mwangaza unaitwa fotometria. Uranometria ilikuwa mama wa hao wawili.

Kwa majina ya vitabu, ndiyo. Friedrich Argelander, mwanafalaki wa Ujerumani, alitoa *Uranometria Nova* mwaka 1843. Benjamin Gould, Mmarekani aliyekwenda kuanzisha kituo cha falaki Córdoba, Argentina, alitoa *Uranometria Argentina* mwaka 1879, na mipaka aliyoichora kati ya makundinyota ya kusini ndiyo iliyokuwa msingi wa ile inayotumika sasa. Miaka ya 1980 ikatoka ramani kubwa iitwayo *Uranometria 2000.0*, ambayo wenye darubini bado wanaithamini.

Kwa Kiswahili nilitumieje? Siwezi kusema "unajimu" tu?

Tafadhali usiseme unajimu. Zamani neno hilo lilibeba yote mawili, elimu ya nyota na utabiri wa mambo ya watu, lakini leo ukilitaja mtu anakuuliza nyota yake inasemaje wiki hii. Uranometria haina habari na bahati ya mtu. Inauliza maswali mawili tu: iko wapi, na inang'aa kiasi gani?

Pendekezo langu ni hili. Ukizungumzia kitabu cha Bayer au vya waliomfuata, andika Uranometria kwa herufi kubwa. Ukizungumzia kazi, andika "uranometria" kwa herufi ndogo, au useme "upimaji wa anga", au "upimaji wa nyota" unapoongea na wasiolijua. Kwa elimu nzima tuna falaki na astronomia, yote mazuri. Mifano: "Babu alifanya uranometria bila kujua jina lake." "Ramani hii imetokana na uranometria ya karne ya 17." Anayeifanya kazi hii sina jina lake zuri bado. Mimi husema mpima nyota.

Wahenga wetu walipima nyota?

Ndiyo, na vipimo vyao bado tunavyo mdomoni. Shubiri, kutoka ncha ya kidole gumba hadi ncha ya kidole cha mwisho, tunaitumia kupima kitambaa. Nyoosha mkono mbele ya uso wako na shubiri hiyo inafunika nyuzi 20 hivi za anga, au zaidi kidogo.

Manahodha wa Bahari ya Hindi walipima kimo cha nyota kwa vidole. Walihesabu duara zima la anga kuwa vidole 224, kwa hiyo kidole kimoja ni kama nyuzi 1 na dakika 36 za pembe. Chombo chao kilikuwa kamali: kipande cha ubao chenye uzi katikati, uzi una mafundo, fundo moja linashikwa kwa meno na ubao unasukumwa mbele mpaka ukingo wake wa chini uguse upeo wa bahari na wa juu uguse nyota. Ahmad ibn Majid, nahodha maarufu wa karne ya 15, aliandika mengi juu ya ujuzi huu. Na Suheli, nyota ya pili kwa kung'aa usiku, ilikuwa muhimu kiasi kwamba katika Kiswahili cha pwani jina lake lilikuja kumaanisha kusini.

Kisha kuna Kilimia, kile kishada cha nyota ndogo zilizosongamana. Jina linatokana na kulima, na wazee wa pwani walisema: *Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.* Hapa Dodoma unaweza kukihakiki mwenyewe. Katikati ya Novemba Kilimia huchomoza mashariki muda mfupi tu baada ya jua kuzama, wakati watu wanasafisha mashamba ya mtama na uwele wakisubiri mvua ya kwanza. Kuangalia nyota fulani imechomoza saa ngapi katika msimu gani ni kipimo, na kipimo hicho kimelisha watu.

Naweza kufanya uranometria Dodoma bila darubini?

Unaweza, na nadhani hapa ni mahali pazuri kuliko miji mingi ya nchi hii. Kiangazi chetu ni kirefu na kikavu, tupo zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na kwa kuwa tuko nyuzi 6 tu kusini mwa ikweta, karibu anga lote, la kaskazini na la kusini, linapita juu ya vichwa vyetu katika mwaka mmoja. Tycho hakuwahi kuuona Msalaba akiwa Denmark. Sisi tunauona Msalaba na tunamwona Dubu Mkubwa usiku huohuo.

Unahitaji kaunta buku, penseli, na tochi uliyoifunga kitambaa chekundu ili macho yasiharibikiwe na mwanga. Kaa gizani dakika 20 kabla ya kuanza, na simu ibaki mfukoni.

Kwa mahali, tumia mkono ulionyooshwa. Kidole cha mwisho ni nyuzi 1, vidole vitatu vya katikati ni 5, ngumi ni 10. Mikono hutofautiana, hivyo jipime kwanza: kutoka Alfa hadi Gama ya Msalaba ni nyuzi 6, na kutoka Betelgeuse hadi Rijili ni karibu 19. Watoto wanauliza kama mkono mdogo hautawadanganya. Hauwadanganyi sana, maana mwenye kiganja kidogo ana na mkono mfupi.

Kwa mwangaza, tumia njia aliyoieneza Argelander: usikadirie nyota peke yake, ilinganishe na majirani wawili, mmoja anayeizidi na mmoja inayemzidi, kisha ujiulize iko karibu na nani.

Nitakupa mfano wangu mwenyewe. Mwishoni mwa 2019 Betelgeuse ilianza kufifia kuliko kawaida yake. Februari 2020 mvua zilikuwa zinanyesha hapa na usiku mwingi ulifunikwa. Usiku mmoja mawingu yakafunguka baada ya saa 3, udongo bado unanukia mvua, vyura wanapiga kelele kwenye korongo la nyuma ya nyumba. Nikatoka na daftari. Bega moja la Jabari ni Betelgeuse, la pili ni Bellatrix, daraja 1.6. Miaka yote niliyoangalia, Betelgeuse iliizidi Bellatrix waziwazi. Usiku ule nilitazama, nikafumba macho, nikatazama tena. Yalikuwa mabega mawili sawa. Nikaandika: "Bet. = Bell., labda kuizidi kidogo, saa 3:40." Baadaye nikasoma kwamba vyombo vya wataalamu vilipata takriban 1.6 mwezi huohuo. Penseli na jicho, uani kwangu. Mwaka huohuo nyota ikarudi karibu na mwangaza wake wa zamani, na sababu iliyokubaliwa na wengi ni wingu la vumbi ambalo nyota yenyewe ililitoa.

Ni wapi na lini pazuri zaidi?

Juni hadi Oktoba, siku zisizo na mwezi. Katikati ya jiji pamekuwa pagumu. Tangu serikali ihamie na ujenzi wa Mtumba kuanza, mwanga wa upande wa mashariki umeongezeka kila mwaka. Ukienda njia ya Hombolo, Bahi au Kongwa utapata giza la kutosha. Msiende wawili tu, na mtoe taarifa kwa mwenyekiti wa kijiji kabla ya jioni.

Jambo dogo la saa. Saa ya Tanzania inafuata mstari wa nyuzi 45 mashariki, lakini Dodoma iko karibu 35.7. Ndiyo maana jua letu hufika juu kabisa, kwa wastani, saa 6 na dakika 37 mchana badala ya saa 6 kamili. Ukitumia jedwali la nyota la kigeni linalotaja saa za mahali, ongeza dakika hizo 37, la sivyo utadhani nyota zimechelewa.

Kwa nini siioni Nyota ya Kaskazini?

Iko chini ya upeo wetu. Kimo chake hulingana na umbali wako kaskazini mwa ikweta, nasi tuko kusini. Badala yake tuna ncha ya kusini ya anga, nyuzi 6 juu ya upeo, ambako hakuna nyota inayong'aa. Ifikie kwa kurefusha mti wa Msalaba, kutoka Gama kupita Alfa, mara nne na nusu.

Uranometria inapima pia umbali wa nyota?

Kamusi nyingine za zamani zinasema ndiyo, ila kwa karne nyingi umbali ulikuwa tamaa tu. Njia ilijulikana: nyota iliyo karibu lazima ionekane kusogea kidogo kila dunia inapohama kutoka upande mmoja wa jua kwenda wa pili, kama kidole chako kinavyosogea ukifumba jicho moja kisha jingine. Msogeo huo ni mdogo mno. Friedrich Bessel ndiye wa kwanza kutangaza kipimo cha kuaminika, mwaka 1838, kwa nyota iitwayo 61 ya Dajaja (kundinyota la Cygnus). Alipata takriban theluthi moja ya sekunde ya pembe. Gawa upana wa mwezi mpevu vipande 1,800. Kila kimoja ni sekunde moja. Sasa kigawe kimoja mara tatu.

Thomas Henderson alikuwa ameshapima Alfa ya Kantarusi akiwa Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1832 na 1833, lakini alikawia kutangaza hadi 1839, akapitwa. Nyota hiyo, ambayo wengine huiita Rijili Kantori, ndiyo jirani yetu wa karibu miongoni mwa nyota zinazoonekana kwa macho, miaka ya nuru 4.4. Itafute mwishoni mwa Juni, saa 3 usiku, kusini, kushoto kwa Msalaba.

Kama satelaiti zimeshapima kila kitu, sisi tunapima nini?

Chombo cha Gaia cha Ulaya, kilichorushwa Desemba 2013, kilipima nyota zaidi ya bilioni moja na nusu, na usahihi wake Bayer asingeuamini. Lakini kiliacha kuangalia anga mwanzoni mwa 2025. Nyota zinazobadilika mwangaza haziachi kubadilika, na zile kubwa zinazoonekana kwa macho huwa kali mno kwa vyombo vingi. Mashirika yanayokusanya makadirio ya watu wa kawaida yapo, na sehemu kubwa ya dunia yenye watazamaji iko kaskazini. Wa ikweta ni wachache, wa Afrika Mashariki wachache zaidi.

Nianze na nyota ipi?

Kama unasoma haya kati ya Desemba na Aprili, anza na Betelgeuse, na mlinganisho wako uwe Bellatrix kwa chini na Rijili kwa juu. Mwanzoni mwa Februari, kama saa 3 usiku, Rijili itakuwa imekaribia utosi. Ikifika kileleni inapita nyuzi 2 tu kutoka juu kabisa ya kichwa, kwa hiyo tandika mkeka ulale chali, shingo isikuume. Kama ni kati ya Mei na Septemba, anza na Antares, moyo wa Nge, nayo nyekundu na hubadilika polepole. Andika tarehe, saa, mahali, hali ya mawingu, kisha kadirio lako. Usifute kadirio hata ukigundua kesho kwamba umekosea. Chora mstari mmoja juu yake na uandike jipya pembeni.